Elena ni Mkenya, mbona alifungiwa ndani ya diski?

Kama wewe ni mtu wa gemu za ngumi na waishi Kenya, kuna jina moja unalofaa kulijua hata kama hujawahi kulichagua kwenye skrini: Elena. Msichana mrefu, nywele nyeupe, miguu peku, silaha yake ni mateke. Ukifungua maelezo yake, pale penye nchi anakotoka, pameandikwa Kenya.

Naam, Kenya hii yetu. Capcom, kampuni ya Japani inayotengeneza Street Fighter, ilimtoa mara ya kwanza mwaka 1997 katika Street Fighter III. Mwaka huohuo Namco ilitoa Tekken 3, ile iliyotuletea Eddy Gordo, mtu ambaye kila asiyejua kucheza alimchagua akabonyeza vitufe ovyo na bado akashinda. Eddy tunamjua wote. Elena, mwenye pasipoti ya kwetu, wengi hatumjui. Na sababu si kwamba hana ufundi. Sababu ni kwamba kila orodha ikiandikwa, yeye huitwa mwishoni, na mara nyingi kwa malipo ya ziada.

Leo nataka tuizungumze orodha moja hasa, ile ya Street Fighter X Tekken ya mwaka 2012. Ni mambo ya zamani kidogo, lakini yatakufunza kitu kuhusu gemu utakayonunua mwaka huu, na kuhusu sisi wenyewe huku Likoni, Kisauni na Changamwe.

Mwaka 2010 Capcom na Namco walitangaza jambo ambalo mashabiki walikuwa wakiliota tu. Fikiria Gor Mahia na AFC Leopards wakubali kuweka wachezaji wao uwanja mmoja. Capcom ingetengeneza gemu moja kwa mtindo wa Street Fighter, Namco ingetengeneza nyingine kwa mtindo wa Tekken, na kila upande ungetumia mashujaa wa mwenzake. Ile ya Namco hadi leo haijatoka. Ile ya Capcom ilifika madukani Machi 2012, kwenye PlayStation 3 na Xbox 360.

Orodha yake ya mwanzo ilikuwa na wapiganaji 38. Kumi na tisa wa Street Fighter: Ryu, Ken, Chun-Li, Guile, Zangief na wenzao. Kumi na tisa wa Tekken: Kazuya, Jin, Nina, King, Paul, Law na wenzao. Wenye PlayStation 3 walipata watano zaidi: Cole MacGrath wa gemu ya inFamous, Mega Man, Pac-Man, na paka wawili wa Sony waitwao Toro na Kuro.

Hebu isome tena hiyo. Paka wawili. Pac-Man, yule duara la manjano la kula vidoto. Kuma, dubu wa Tekken, naye alikuwemo. Mkenya hakuwemo. Wala hakukuwa na mtu yeyote kutoka Afrika.

Sasa kama mambo yangeishia hapo, ungesema basi, kila gemu ina mipaka yake, mhusika mmoja huchukua miezi kuchora, kuhuisha na kumpima asiwe na nguvu kupita kiasi. Hilo ni kweli. Hakuna gemu inayoweza kubeba kila mtu.

Lakini watu wenye ufundi wa kuchokonoa mafaili waliifungua ile diski, wakakuta ndani yake wapiganaji wengine 12. Walikuwa humo kwenye diski ambayo mtu ameshainunua dukani, ila wamefungwa kufuli. Upande wa Street Fighter walikuwa Blanka, Cody, Dudley, Guy, Sakura na Elena. Upande wa Tekken walikuwa Alisa, Bryan, Christie, Jack-X, Lars na Lei.

Kwa hivyo Elena alisafirishwa na kila diski iliyouzwa, akakaa humo kimya akingoja mtu alipie ufunguo. Hapo ndipo tofauti ilipo kati ya aliyesahaulika na aliyefungiwa. Anayesahaulika, labda mwandishi wa orodha hakumfikiria kabisa. Anayefungiwa, mtu amemfikiria, amemchora, amemwekea sauti, kisha ameamua kwamba huyu si wa kuanzia.

Ufunguo wenyewe ulitolewa rasmi Julai 31, 2012. Bei dola 20, ambazo kwa wakati ule zilikuwa karibu Sh1,700. Kumbuka hizo ni juu ya bei ya diski.

Tuiweke kwa lugha ya nyumbani. Umepata nyumba ya kupanga Magongo, umelipa kodi na amana, umehamisha godoro na meko. Jioni unagundua mlango mwishoni mwa ukumbi una kufuli. Unamuuliza mwenye nyumba, akwambia, "Ah, hicho ni chumba cha tatu, kimekwisha, kina hata balbu. Lakini ufunguo ni pesa nyingine, na nitauza Julai." Wewe ungenyamaza?

Mashabiki hawakunyamaza. Kule Marekani malalamiko yalifika hadi kwenye shirika linalopokea kesi za wateja na wafanyabiashara. Capcom ilijieleza kwamba wapiganaji wale waliwekwa kwenye diski ili aliyenunua na asiyenunua waweze kucheza pamoja bila matatizo, na ili watu wasilazimike kupakua mafaili makubwa. Ikasema haioni tofauti kati ya nyongeza iliyo ndani ya diski na ile unayopakua baadaye. Kelele zilipozidi, ikaahidi kuufikiria upya utaratibu huo kwa gemu zake za mbele. Na Oktoba mwaka huohuo, gemu hiyo ilipotoka kwenye PlayStation Vita, wale 12 walikuwemo tangu mwanzo.

Ona hapo. Watu walipaza sauti, mambo yakasogea. Usikubali mtu akwambie kulalamika ni kupoteza wakati.

Kuna jingine ambalo Mmarekani aliyelalamika hakulijua, kwa sababu halimhusu. Sisi huku gemu haiji kwetu kama ijavyo kwake. Diski hupita mikononi: fulani amemaliza, amemuuzia mwenziwe, mwenziwe amebadilishana na jirani, mwishowe ipo kwenye kibanda cha gemu ambapo vijana kumi wanaichezea kwa zamu, mshindwa aachia padi. Diski husafiri, lakini nyongeza za kulipia, zile wachezaji wanaita DLC, hazisafiri nayo. Hizo hukaa kwenye akaunti ya aliyelipa. Ukimfungua Elena leo na kuuza diski kesho, anayenunua anakuta kufuli palepale.

Halafu kuna suala la kulipa. Twajua vile mambo huenda. Wengi wetu hufungua akaunti ya Marekani, Uingereza au Afrika Kusini ndio tupate kununua kitu kwenye duka la mtandaoni la PlayStation. Unaandika anwani ya mji ambao hujawahi kuukanyaga, unatafuta kadi ya zawadi ya dola, unamtumia mtu pesa kwa M-Pesa akupe namba za siri. Yaani ili umfungulie mlango Mkenya, lazima kwanza wewe mwenyewe ujifanye Mmarekani. Kama hicho si kichekesho cha kuliza, sijui ni nini.

Najua kuna msomaji amekunja uso, asema, "Sasa wataka kuniambia Capcom walimchukia Mkenya?" La, sisemi hivyo, na wewe usiseme. Angalia wale 12 tena. Sakura ni Mjapani. Cody na Guy ni watu wa Final Fight, gemu ya Capcom yenyewe. Lars na Bryan ni vipenzi wa mashabiki wa Tekken. Walifungiwa wote. Hii ilikuwa hesabu ya biashara: nani watu watamkosa kiasi cha kutoa pesa, lakini si kiasi cha kukataa kununua gemu yenyewe.

Tatizo ni kwamba hesabu hiyo ikirudiwa, jawabu lake kwa Afrika huwa lilelile. Street Fighter IV ilitoka mwaka 2008 bila Elena. Akaingia mwaka 2014 katika Ultra Street Fighter IV, toleo la nyongeza, pamoja na Hugo, Poison na Rolento, ambao nao walikuwa wamepita kwenye ile gemu ya pamoja. Street Fighter V ilitoka mwaka 2016 na wapiganaji 16, hakuna Mwafrika. Mwaka uliofuata akaletwa Menat kutoka Misri, wa kulipia. Elena hakuchezeka humo hadi mwisho. Street Fighter 6 ikatoka Juni 2023 na wapiganaji 18, na hakuna Mwafrika. Elena akafika Juni 2025, wa mwisho katika kundi la mwaka wa pili, nyuma ya M. Bison, Terry na Mai. Wa kulipia, bila shaka.

Waona mtindo? Bara zima lenye vijana wengi hivi huwa ni la kuongezewa, kama kachumbari. Ukitaka, ongeza pesa.

Kijana wa Kisauni au Likoni hahitaji kuelezewa sana hisia hii. Picha ya Mombasa inayouzwa duniani ni Fort Jesus, Mji wa Kale na zile Pembe za Ndovu za barabara ya Moi. Vyote viko kisiwani. Sisi ng'ambo ndio tunaopanda feri alfajiri kwenda kuuhudumia huo mji, ndio tulio na bandari na uwanja wa ndege upande wa Changamwe, lakini kwenye kadi ya posta hatumo. Tumo ndani ya diski, ila hatumo kwenye orodha ya mbele.

Sasa tumgeukie Elena mwenyewe, maana kufunguliwa mlango si mwisho wa kesi. Huyu Mkenya wao ni Mkenya wa wapi?

Kwenye Street Fighter III uwanja wake ni mbuga. Nyasi, anga pana, hakuna nyumba ya ghorofa, hakuna matatu, na wallahi hakuna bahari. Yeye ni binti wa chifu wa kabila. Sasa mtu wa Japani akisikia "chifu" afikiria taji na kiti cha enzi. Wewe ukisikia chifu wafikiria nini? Wafikiria foleni ya barua ya kitambulisho. Chifu kwetu ni mfanyakazi wa serikali mwenye sare na muhuri. Binti yake yuko shule, na pengine yuko kibandani anasubiri zamu ya padi.

Mtindo wake wa kupigana ni capoeira, ambayo ni ya Brazil. Hapa nataka niwe na haki. Capoeira ilizaliwa miongoni mwa Waafrika waliopelekwa Brazil utumwani, wengi wao kutoka pande za Angola na Kongo. Kwa hivyo Afrika imo. Pia, ukiitazama ile michoro ya mwaka 1997, vile Elena anavyoyumba na kuzunguka bila kutulia hata sekunde moja, utakubali kuwa wachoraji walimpenda. Na tabia yake ni nzuri: hapigani kwa kisasi wala kutaka kutawala dunia, anapigana ili apate marafiki. Kati ya watu wote wenye hasira ndani ya Street Fighter, huyu ana moyo mweupe.

Lakini walikuwa na njia fupi ya kuiunganisha hadithi hiyo na Kenya, nao hawakuijua. Pita Kengeleni, ng'ambo ya daraja la Nyali. Kengele iliyo pale ni ya Frere Town, makazi yaliyoanzishwa mwaka 1875 na wamisionari wa CMS kwa ajili ya watu waliokombolewa kutoka utumwani. Hapohapo Kisauni. Upande mmoja wa dunia watu waliotekwa wakabuni mchezo wa mateke unaofanana na ngoma. Upande mwingine, watu walioponea wakajenga mtaa wenye kengele. Fikiria kama Elena angekuwa msichana wa huko, ambaye mababu zake walitawanywa, mmoja akaishia Brazil, mwingine Kisauni. Capoeira yake ingekuwa na maana. Uwanja wake ungekuwa na mnazi, kengele na matatu inayopiga honi. Hiyo ni hadithi ambayo hakuna mtu Osaka angeweza kuitunga bila kuuliza mtu wa hapa.

Na kama wangetaka ngumi za Kenya zenyewe, zipo. Robert Wangila alitwaa dhahabu ya ndondi kwenye Olimpiki ya Seoul mwaka 1988. Conjestina Achieng alipanda ulingo wakati watu wengi nchini walidhani ndondi si ya mwanamke, akawanyamazisha. Ukitaka mambo ya Pwani, kuna kirumbizi, ule mchezo wa fimbo unaochezwa kwa ngoma na zumari, maarufu hasa kule Lamu. Mtu mwenye fimbo, kanzu na hatua za kirumbizi akiingia kwenye gemu ya ngumi, Yoshimitsu mwenyewe atasimama atazame.

Hapa ndipo wengi wetu hupenda kumalizia: Wajapani hawatujui, Wamarekani hawatujali, tuonewe huruma. Mimi naona tukimalizia hapo tutakuwa tumejidanganya, kwa sababu nasi tuna orodha zetu, na nasi tuna watu tuliowafungia.

Ingia kibanda chochote cha gemu Mtopanga, Bakarani, Chaani au Likoni jioni ya Jumamosi. Hesabu vichwa. Kisha hesabu wasichana. Mara nyingi hutahitaji kidole cha pili. Akija mmoja, ataulizwa kama amemfuata kakake. Akichukua padi, kuna mtu atamwambia, "Wacha nikuonyeshe." Akishinda, wataambiana aliyeshindwa kamwachia makusudi. Baada ya wiki mbili harudi, kisha sisi twasema wasichana hawapendi gemu.

Ilhali mmoja wa wachezaji wa Tekken wanaojulikana zaidi kutoka Kenya ni mwanamke. Sylvia Gathoni, anayecheza kwa jina la QueenArrow, alisajiliwa na timu ya kimataifa mwaka 2018, jambo ambalo vijana wengi wa kiume waliokaa kibandani tangu wadogo hawajalipata. Jiulize ni QueenArrow wangapi wa Kisauni walioondoka kwa sababu ya "wacha nikuonyeshe". Wao ndio Elena wetu. Wako ndani ya mtaa, wana uwezo wote, na kufuli ni letu sisi. Kufuli hilo halihitaji dola 20 kufunguliwa. Lahitaji tu uache padi ukishindwa, kama unavyowaachia wengine.

Jambo la pili tunalojifungia ni imani kwamba mabingwa hutoka kwingine. Wamjua Arslan Ash? Kijana wa Lahore, Pakistan. Miaka mingi wachezaji wa Tekken wa nchi yake hawakuhesabiwa na mtu. Mwaka 2019 akasafiri, tena kwa shida za viza, akashinda Evo Japan, kisha Evo ya Las Vegas. Alipoulizwa, akasema nyumbani kuna wengine hodari vilevile. Watu wakadhani anatia chumvi, hadi wenzake walipoanza kutokea nao. Lahore haikuwa na kitu cha ajabu. Ilikuwa na watu waliokaa pamoja wakapigana kila siku, asiyejua akafunzwa na anayejua. Vibanda vyetu vina nini pungufu, isipokuwa hilo la kufunzana?

Basi tufanye nini? Nina mambo matatu, na hakuna hata moja linalohitaji kibali cha mtu.

Kwanza, nunua kwa macho wazi. Kabla hujatoa pesa kwa gemu mpya ya ngumi, uliza orodha ya mwanzo ina akina nani na wa kulipia ni akina nani. Eddy Gordo wetu, kwa mfano, hakuwemo kwenye orodha ya mwanzo ya Tekken 8. Aliletwa baadaye mwaka 2024 kwa malipo. Kama wewe wanunua gemu kwa sababu ya mtu mmoja, na mtu huyo hayumo, subiri. Gemu hizi baada ya muda hutoka toleo lililojumlisha kila kitu, na bei huwa imeshuka. Kampuni husikia pesa kuliko zisikiavyo maoni. Na kama wewe wanunua diski iliyotumika, jua wanunua orodha ya mwanzo tu.

Pili, wakiuliza mashabiki wanataka nani, jibu. Wajapani hawa hufuatilia sana mashabiki wao wanasema nini. Elena hakurudi mwaka 2025 kwa bahati. Kuna watu duniani waliomtaja miaka nenda miaka rudi, na wengi wao si Wakenya. Siku wewe ukimtaja, usiseme tu "mleteni". Sema mleteni na bahari. Sema mumpe mtaa.

Tatu, na hili ndilo kubwa, tengeneza orodha yako. Usicheke. Wesley Kirinya, Mkenya, alitengeneza gemu ya The Adventures of Nyangi zaidi ya miaka 15 iliyopita, wakati hakukuwa na mtu wa kumwonyesha njia, kisha akashirikiana na Eyram Tawia wa Ghana kuanzisha Leti Arts, wanaotumia mashujaa wa hadithi za Kiafrika. Mwaka 2015 Nairobi ikapata gemu yake ya risasi, Nairobi X. Mwaka 2016 vijana wa Kamerun, Kiro'o Games, wakatoa Aurion, gemu nzima yenye ngano na mapigano ya Kiafrika. Hakuna kati yao aliyengoja Osaka impe ufunguo.

Kuanza hakuhitaji kompyuta ya laki mbili. Kwahitaji daftari. Mchore huyo mpiganaji wako. Mpe jina la watu wa kwenu. Amua atoka Mshomoroni au Mtongwe, apigana na nini, ana hasira gani, ana utu gani, na nyuma yake paonekana nini anapopigana: feri, makontena ya Kipevu, au wanja la mpira lenye vumbi. Hizo karatasi ndizo kazi ya kwanza kwenye kampuni yoyote ya gemu, hata Capcom. Kuprogramu utafunzwa, na mafunzo ya bure yamejaa mtandaoni. Lakini hakuna atakayekufunza Mtongwe inafananaje saa kumi na mbili jioni. Hiyo ni mali yako peke yako.

Kitu cha mwisho. Baadhi ya watu watakwambia haya ni mambo ya watoto, kwamba Kenya ina shida kubwa kuliko msichana wa kuchorwa. Waambie hivi: kila unachokiona kwenye skrini, kuna mtu aliketi mezani akaamua nani aanze na nani angoje. Hivyohivyo ndivyo ajira zinavyogawanywa, ndivyo timu zinavyochaguliwa, ndivyo barabara zinavyopangwa ipi iwekwe lami mwaka huu na ipi mwaka kesho. Kijana anayeweza kuangalia orodha ya wapiganaji 38 akauliza "mbona sisi hatumo, na ni nani aliyeamua?" ataweza kuuliza swali hilohilo baraza la mtaa likikutana. Gemu imempa mazoezi tu.

Kwa hivyo jioni hii ukifika kibandani na ukikuta Elena amefunguliwa, mchague. Utapigwa raundi mbili tatu, mateke yake yana wakati wake. Usimwache. Na ukiona kuna mtu amesimama mlangoni anatazama tu, hajui kama aingie, mpe padi. Usimwonyeshe chochote. Mwache acheze.